Uso wa Dada Ukutani

Asubuhi, saluni haijafunguliwa, na Brashi yuko juu ya stuli akichora shavu la mwanamke kwenye ukuta wa nje. Anachovya, anashuka, anatazama kwa mbali, anapanda tena. Kwenye kifuniko cha kopo amechanganya kahawia, nyekundu na buluu kidogo. Nyeusi hakuna.

"Wengi wakiambiwa wachore mtu mweusi wanakimbilia kopo jeusi," anasema bila kugeuka. "Hapo unapata shimo, hupati mtu."

Brashi ni jina la utani la mama huyu wa watoto wawili. Kwa miaka kumi na minne amechora kuta za saluni, karibu zote warembo weupe, maana ndivyo wenye saluni walivyotaka, na mteja ni mfalme. Mmoja alimwamuru afute kazi nzima kwa kuwa mrembo "amekolea kama masizi". Alifuta, akarudi nyumbani kwa miguu.

Saluni ya leo ni ya dada yake. Utotoni dada ndiye aliyekuwa mweusi kuliko wote, na shangazi zao walimwita Mkaa hata mbele ya wageni. Mshahara wake wa kwanza ulikwenda kwenye krimu ya kujichubua. Leo mashavu yana mabaka, jua linamchoma, na daktari amemkataza. Ameacha, ila husuka wateja akiwa amejifunika mtandio hadi puani. Mganga hajigangi, lakini hili linauma kulitazama.

Dada aliagiza mrembo mweupe. Brashi aliitikia "sawa, dada", kisha akachora uso wa dada mwenyewe, ule wa kabla ya krimu.

"Akisema nifute, nitafuta. Saluni ni yake. Ila auone kwanza."

Dada anafika na funguo mkononi. Anasimama, anatazama muda mrefu.

"Huyu ni mimi."

"Ndiyo, dada."

"Mbona hukuniambia kwamba nilikuwa hivi?"

"Nilikuwa mdogo. Nilidhani unajua."

Dada analia, halafu anacheka huku akilia. Hasemi ufutwe. Anaonyesha ukuta wa pili, ambao bado ni mtupu.

"Pale nichore nilivyo leo, na mabaka yangu yote. Wasichana kila siku wananiuliza krimu gani nzuri. Nimechoka kuwadanganya."

Brashi ataanza Jumatatu. Safari hii anataka dada akae kitini mbele yake, uso wazi.

"Huu nimeuchora kwa kumbukumbu," anasema akifuta mikono. "Ule nataka nichore nikimtazama."