Mtindo Wangu wa Chaji Imeisha

Wadogo zangu wa kidato cha kwanza, nyinyi mnaopiga video kwa simu na kujiita wataalamu, kaeni mnisikilize. Mimi ni mstaafu. Nina miaka kumi na saba.

Siku ya kwanza kazini niliripoti kwa Mkurugenzi Mkuu, Bwana Faraji, katika studio yake pale Mbinga mjini. Studio ni nusu ya duka. Nusu nyingine inauza ndoo na mapazia. Bwana Faraji ana asili ya pwani na huongea taratibu kama anamimina chai. Nikamwamkia, akanikabidhi stendi, ile miguu mitatu inayoshika kamera isitikisike, akasema, "Binti, wakubwa wote wa studio hii walianzia hapo." Wakubwa wote walikuwa yeye.

Enzi hizo, yaani mwaka juzi, mtindo ulikuwa mmoja tu, wa Mkurugenzi. Bibi harusi alitokea ndani ya ua la waridi, akavutwa karibu mpaka ukaona matundu ya pua, akarudishwa mbali, akageuka njiwa. Huko kuvuta tunakuita zumu. Bwana Faraji alizumu hata sahani za pilau.

Nilipopanda cheo nikatumwa Kitura, kwenye sherehe ya kipaimara. Huko niligundua kwamba ubaya haukuwa zumu, ulikuwa watu. Ukiinua kamera tu, wananyooka. Mikono inashuka mapajani, midomo inafungwa, macho yanakutazama kama wanapigwa picha ya kitambulisho. Nilirudi na video ndefu ambayo ndani yake kiumbe pekee aliyetembea ni kuku, tena juu ya kahawa iliyoanikwa.

Kisha tukaitwa harusini Lituhi. Mama wa bwana harusi alitupokea mlangoni.

"Shikamoo Mama."

"Marahaba. Binti, harusi ya mwanangu mkubwa mliipiga ninyi. Jirani alikuja kuitazama, akaniuliza nani amefariki."

Bwana Faraji akakohoa.

"Na hii ikitoka vile," Mama akaendelea, "nitawatangaza mwambao mzima wa ziwa, mpaka Mbamba Bay. Mtabaki kupiga picha za samaki."

Mkurugenzi akanivuta nyuma ya chanja za dagaa. "Leo kamera unashika wewe. Ikiharibika, unarudi kwa mjomba wako kuchuma kahawa." Ndivyo viongozi wanavyogawana majukumu.

Nikaingia chini ya turubai, nikainua kamera. Ukoo mzima ukanyooka. Bwana harusi alikuwa ameshika mkono wa mkewe kama ameshika jembe la kuazima. Nikaona mashamba ya mjomba waziwazi.

Basi nikabandika bablishi niliyokuwa natafuna juu ya taa nyekundu, ile inayoonyesha kwamba kamera inarekodi. Nikaishusha kamera kiunoni, nikasema kwa huzuni, "Jamani, chaji imeisha."

"Mbona betri nyingine ninayo hapa," akasema Bwana Faraji, akaitoa mfukoni.

Nikamkanyaga mguu. "Hiyo nayo imekufa, Mkurugenzi."

Watu wakapumua. Viatu vikavuliwa. Bibi harusi akamshambulia samaki mbasa kwa mikono miwili. Baba mkwe akaanza kumwigiza mshenga anavyotembea, na mshenga akamfuata nyuma akimwigiza yeye. Mama mwenyewe akajifunga kanga kiunoni, akamwambia mama mkwe mwenzake, "Padri leo amehubiri mpaka wali umekata tamaa," kisha wakaingia kwenye kioda, ile ngoma ya akina mama wa huku, mabega yakipanda na kushuka pamoja. Nilipiga yote kutoka kiunoni. Vichwa vingine vilikatika, lakini hakuna aliyekuwa amekufa.

Video ilihaririwa na Mhariri Mkuu, yaani mimi tena. Yale maneno kuhusu Padri nilipaswa kuyakata. Ila mwanga wa pale ulikuwa mzuri mno.

Siku ya kuitazama, sebule ya Mama ilijaa. Padri alikaa mbele na soda yake. Sauti ya Mama ilipotoka kwenye runinga ikitaja mahubiri na wali, kila jicho likamgeukia Padri. Bwana Faraji alishaanza kutafuta viatu vyake.

Padri akaweka soda chini. "Hata mimi nilikuwa na njaa," akasema.

Nyumba nzima ikaangua kicheko. Kioda kilipoanza, Mama akasogelea runinga. "Huyo ni mimi?"

"Ni wewe, Mama."

"Rudisha." Tukarudisha mpaka umeme ukakatika. "Sasa hii ni harusi," akasema gizani.

Akatutangaza kweli, lakini na siri yote: binti yule akisema chaji imeisha, mjue ndiyo anapiga. Tangu hapo nikilitamka neno hilo, kuanzia mwambao mpaka Liparamba, watu wananyooka kuliko mwanzo. Liparamba mzee mmoja alishika kijiko hewani mpaka ubwabwa ukapoa. Msanii akishajulikana, ni wakati wa kupumzika. Nikastaafu, na sasa nasomea mtihani wa kidato cha nne.

Likizo iliyopita nilipita Lituhi kusalimia tu, bila kamera, bila hata simu. Nikamkuta Mama uani akipepeta mahindi.

"Shikamoo Mama."

Akaweka ungo chini, akainyoosha kanga, akasimama wima ukutani. "Marahaba," akajibu, bila kutikisa midomo.