Mstari wa Mwandishi

Mimi sikusomea kompyuta. Niliingia kiwandani kupitia kutoboa kadi, miaka ya sabini, nikiwa na cheti cha fomu foo na kingine cha kupiga taipu, na mtu asiniambie huo ulikuwa mlango wa nyuma. Kiwanda kilikuwa cha sabuni, huko Industrial Area. Asubuhi nilitoka kwetu Kaloleni kwa miguu, nikavuka reli, nikafika kabla ya king'ora.

Kazi ilikuwa hivi. Waandishi wa programu, wanaume wanne wenye tai, waliandika maagizo ya kompyuta kwa penseli kwenye karatasi za viboksi. Sisi wasichana tuliyapiga kwenye mashine iliyotoboa kadi, mstari mmoja kadi moja. Kisha msichana wa pili alipiga karatasi ileile upya, na mashine yake ikikuta tofauti, inagoma. Sheria yetu: piga unachokiona, usifikiri. Haya. Lakini utapigaje maneno ya mtu mwaka mzima usijue anasema nini? Nilianza kuyaona makosa yao kabla kompyuta haijayaona. Siku moja nikarekebisha moja kimyakimya, na shoga yangu aliyekuwa akinihakiki akarekebisha lilelile, bila sisi kuambiana. Mashine haikugoma. Tulicheka mpaka tukakemewa.

Kampuni ilipotangaza mtihani wa kutafuta waandishi wapya, nilifanya nikapita. Mkuu wa kitengo chetu, bwana aliyesoma ng'ambo miaka miwili na hakuchoka kutukumbusha, alinipa meza ya konani akasema, "Tutaona." Basi tukaona. Kwa miaka minne niliandika programu sita: ya akiba ya mafuta ya kutengenezea sabuni, ya zamu za wafanyakazi, ya safari za malori, na nyingine tatu. Kadi za programu hizo nilizitoboa mwenyewe saa ya chakula. Sikuwa na subira ya kungoja foleni, na mkono wangu ulikuwa mwepesi kuliko wa mtu yeyote pale.

Halafu ikatangazwa nafasi ya mwandishi mkuu wa programu. Niliitaka. Sitajifanya mnyenyekevu hapa, niliitaka mpaka chakula kikanishinda. Kwetu cheo hicho kilipimwa kwa kitu kimoja. Kila programu huwa na mstari juu kabisa unaotaja jina la aliyeiandika. Ukienda kwenye usaili, unaonyesha programu zinazofanya kazi kiwandani zenye jina lako kwenye mstari huo. Nikaenda kabatini kuchukua zangu sita. Zote sita zilikuwa na jina la mkuu wa kitengo.

Nilimfuata ofisini kwake na kadi mkononi. Hata hakushtuka.

"Sasa wewe unalia nini?" akaniuliza. "Kazi ni ya kitengo, na kitengo ni mimi."

"Silii," nikamwambia. "Nauliza nani aliziandika."

"Binti, rudi kwa meza yako kabla hujaikosa."

Jumapili, baada ya kanisa, tukifua kwenye mfereji wa pamoja, nilimweleza mama. Mama alikuwa mcha Mungu na mwoga wa wakubwa, yote mawili kwa dhati. "Mwenye nguvu mpishe," akasema. Nikamjibu, "Nimempisha miaka minne, mama, na bado ananikanyaga." Akaendelea kukamua shuka. Nilijua ananiogopea, na iliniuma, lakini sikubadili nia.

Siku ya usaili walikuwa watatu mezani: meneja mkuu wa kiwanda, afisa wa wafanyakazi, na yeye bwana mwenyewe, amekaa kana kwamba ndiye aliyenizaa. Meneja akauliza programu zangu ziko wapi. Nikasema ni zile sita zenye jina la huyu bwana. Afisa wa wafanyakazi akakohoa. Bwana akatabasamu, akasema wasichana wa siku hizi wana ndoto kubwa.

Nikaomba zichapishwe zote, sasa hivi. Karatasi zilipoletwa zikiwa bado na joto la mashine, nikamwonyesha meneja ukingo wa kulia. Kadi ina safu themanini. Kompyuta hufuata zile sabini na mbili za kwanza. Nane za mwisho huzichapa tu, haizijali, na mtu huweka alama yoyote apendayo. Mimi niliweka jina la mtaa wetu, KALOLENI, herufi nane kamili, kwenye kila kadi niliyotoboa. Lilishuka ukurasa kwa ukurasa, mamia ya mistari, isipokuwa mmoja katika kila programu. Ule wa juu, wa mwandishi, ulikuwa na nafasi tupu pembeni, kwa sababu kadi yake ilibadilishwa.

Miaka yote hiyo bwana aliiona alama hiyo, akadhani ni mambo ya wasichana wa kadi, mambo yasiyomhusu msomi. Mdharau mwiba mguu huota tende. Na hata angeelewa, angemwambia nani atoboe upya kadi zote hizo? Sisi?

Meneja alisoma kwa muda mrefu. Halafu afisa wa wafanyakazi, mtu wa kupenda amani, akaninong'oneza, "Dada, cheo utapata. Hayo ya majina yaache, tusimwaibishe mzee."

Hapo ndipo nilipoogopa kwelikweli, maana cheo kilikuwa mbele yangu, kunyoosha mkono tu. Nikafikiria kukichukua na kunyamaza. Nikafikiria pia nitakavyopita mbele ya wale wasichana kila asubuhi, wanaojua nani aliandika nini, na ambao siku moja wangeandika zao.

"Nataka vyote viwili," nikasema. "Kama ni kimoja, basi kaeni na cheo chenu."

Walinitoa nje. Nilikaa kwenye benchi ya ukumbini nikijiambia nimeharibu. Waliponiita tena, ni meneja peke yake aliyenitazama usoni. Akasema nirekebishe mistari yangu, na barua ya cheo ningeipata Ijumaa.

Nilitoboa kadi sita mchana uleule. Kwa taratibu za kiwanda, kila badiliko kwenye programu lilihitaji fomu yenye sahihi ya mkuu wa kitengo, kwa hiyo nikampelekea fomu sita. Alizitia sahihi bila kuinua kichwa. Kwenye ya tano alichora mkwaruzo tu, nikamrudishia aandike vizuri.