Mwigizaji Aliyekufa Kila Mwaka

Sifa njema ni za Mwenyezi Mungu, aliyetutoa salama, akatupa paa na riziki, na rehema na amani zimfikie Mtume wake. Baada ya hayo, nieleze habari za mwigizaji mmoja wa filamu za Kitelugu, za kusini mwa India. Sikupata kumwona hata mara moja, lakini aliingia nyumbani kwetu Matrah, Omani.

Tulifika kutoka Unguja mwaka 1964, mimi na mama. Baba alichukuliwa nyumbani siku za mapinduzi, na hatukuletewa maiti wala habari. Mama hakulia, na mimi sikulia. Tulikula, tukaswali, tukalala. Watu wakitupa pole tuliitikia kama tunaoitikia salamu.

Shekhe alitufahamisha kuwa mke wa mtu aliyepotea hungoja miaka minne, kisha hukaa eda ya kufiwa. Mama akasema, "Mume wangu hajafa," akarudi kwenye kofia aliyokuwa akishona. Nilipotaka kumsomea baba khitma, alinizuia.

"Hasomewi aliye hai."

Kofia zile alimshonea fundi cherehani mmoja, Mtelugu, mwenye duka chini ya chumba chetu. Sinema hatukuwa nayo. Kila mara fundi aliporudi kutoka likizo kwao India, alasiri alikuja kusimama chini ya ngazi, na mama akakaa juu nyuma ya pazia na sindano yake. Walizungumza Kihindi, ambacho mama alikijua kwa majirani wa Unguja. Fundi alikuwa na mwigizaji wake mmoja tu. Alisema mwigizaji huyo alianzia kwenye michezo ya jukwaani, huko vijijini, akiigiza wanawake.

"Mwanamume mzima na masharubu yake?" mama aliuliza.

"Aliyanyoa, Mama."

"Astaghfirullah! Na mkewe alisemaje?"

"Mkewe ndiye aliyemwazima sari."

Mama alicheka. Nilikuwa sijamsikia akicheka tangu Unguja. Nilisikia, nikaendelea kumenya vitunguu.

Katika filamu ya kwanza aliigiza jambazi, akauawa. Mwaka uliofuata akawa mfalme mzee, akafia kitandani. Kisha akawa mpiga ngoma kipofu, akazama mtoni. Fundi alituigizia kila kifo, hata akaangusha mikebe ya vifungo.

"Si ulisema kafa mwaka jana?" mama alimdaka.

"Alikufa, Mama. Sasa ni kipofu."

"Basi si unaona? Watu hurudi."

Fundi aliniangalia.

Mwaka wa nne ulitimia. Shekhe alikumbusha, jamaa wakakumbusha, mama akakataa eda. Akabaki si mke si mjane, na baba akabaki hakusomewa. Mimi nilikwenda kazini na kurudi.

Ndipo fundi akarudi na habari mpya. Mwigizaji wake ameacha kungoja kuajiriwa, ametengeneza filamu yake mwenyewe: kaitunga yeye, kaiongoza yeye, na ndani yake ni mfinyanzi aliyechukuliwa na mafuriko. Mkewe anampakulia chakula kila jioni, sahani inapoa.

"Akarudi?" mama aliuliza.

Fundi alikuwa akizungusha utepe wake wa kupimia kidoleni.

"Hakurudi, Mama."

"Nani aliyemzuia? Si filamu yake?"

"Yake. Angetaka angerudi. Nilikaa mpaka taa zikawashwa, nikidhani atatokea."

"Na mkewe?"

"Alipita mgeni mwenye njaa. Akampa sahani ile."

Fundi akarudi dukani. Baadaye mama aliniita.

"Mwanangu, nenda kwa shekhe. Mwambie nnaingia eda. Na baba yako asomewe khitma."

Nilikwenda. Tulisoma msikitini baada ya Ijumaa. Sikuhisi kitu nilipokuwa nikisoma, ila ulimi ulifanya kazi yake, na kwa hilo namshukuru Mola. Fundi alimshonea mama nguo isiyo na pambo, akaiacha ngazini bila kuita, maana sasa mama hakuwa wa kuzungumza na wanaume. Eda ilipokwisha, fundi alikuwa na hadithi nyingine. Mama alimshukuru, akamwambia kofia ziko tayari, na habari za mwigizaji hakuziuliza tena.

Nawe uliyesoma hadi hapa, Mwenyezi Mungu akuhifadhie unaowangoja, na waliokwisha kutangulia awape makazi mema. Amin.