Nilivyofua Nguo Kolwezi

Nilikwenda Kolwezi, mji wa migodi, kwa sababu mama yangu mdogo, Mama Ngalula, alichoka kuulizwa habari zangu. "Bamama ba kwaya bananiulizaka unafanyaka kazi gani," aliniambia kwenye simu. "Mi siyue ya kubajibu. Kuya mwenyewe."

Mimi ni msanii. Napiga video, kisha naigiza mbele yake.

Asubuhi na mapema basi liliondoka Lubumbashi. Nilibeba projekta, shuka jeupe na gunia la nguo kuukuu za wachimbaji, zilizokakamaa kwa udongo. Tulipofika Fungurume, nyuma ya foleni ya malori, gunia lilipasuka.

"Mama, unauzisha?" kondakta aliuliza.

"Hapana. Ninaenda kuzionyesha."

"Manguo ya buchafu?" Alicheka mpaka Kolwezi.

Saa tisa alasiri Mama Ngalula alinipokea kwa bukari, ugali wa kwetu, na mboga ya lengalenga. Ukumbi wa parokia alikuwa ameuomba kwa padri yeye mwenyewe, kwa jina lake. "Usinipatishe haya," alisema, akiniongezea mboga.

Kesho yake mchana nilifunga mapazia ya ukumbi, nikatandaza shuka ukutani na kutundika nguo kwenye kamba. Wanawake wa kwaya walijaa. Video ilikuwa ya mikono ya mama yangu akifua nguo za baba za mgodini. Nami nilikaa chini ya shuka na beseni la maji, nikifua. Hazikupita dakika mbili, umeme ukakatika.

Mapazia yalifunguliwa. Jenereta haikuwepo. Nilimwona Mama Ngalula ameinamisha kichwa. Sikujua la kufanya, basi nikavuta nguo moja kambani nikaendelea kufua. Minong'ono ikaanza.

"Hapana!" Mama Ngalula alisimama. "Hauyue kusukula manguo! Udongo ya mine haitokake vile!"

Alivua viatu, akakaza kitenge, akapiga magoti kando yangu. Kwanza aliipigapiga nguo ikiwa kavu, vumbi likatufunika sote wawili.

"Bwana yangu alikuwa anarudia mwekundu sawa tofali," aliwaambia wenzake. "Mi namufungia mulango mpaka avulie yote kule inje!"

Ukumbi ulilipuka kwa kicheko. Tangu tumzike mumewe, sikuwahi kumsikia akimtaja. Sasa alicheka huku machozi yakimtoka, na mikono haikusimama.

Wengine walileta mabeseni kutoka nyumba za jirani. Walibishana juu ya sabuni, wakataja waume zao, wakaimba. Umeme uliporudi, nguo zote zilikuwa uani zikichuruzika maji, na hakuna aliyeniomba video.

Jumatatu nilirudi Lubumbashi. Njia nzima niliwaza jambo moja: miezi mitatu nimeipiga picha mikono ya mama, nikichagua mwanga na pembe, na sikumuuliza hata swali moja.

Nilipofika nyumbani nilimkuta mama jikoni. Nikamuuliza nguo za baba alizifuaje.

"Ni leo njo unauliza?" alisema, akanisogezea kigoda.