Rafu Iliyoitwa Hakuna

Wivu ninao, sikatai. Kanisani kwetu watu husimama wakashuhudia kwamba Mungu amewaondolea hiki na kile. Wangu hajauondoa. Upo mzima, na nikimkumbuka yule binti wa Misungwi unaamka na kunawa uso.

Lakini kabla hajaja yeye mjini, mimi nilikuwa mtu. Nilifanya kazi kwenye duka la serikali, enzi zile ambazo watu walipanga foleni tangu alfajiri, na asiyeweza kusimama aliweka jiwe mahali pake akaenda kunywa uji. Sabuni ikija, mimi ndiye niliyejua. Sukari ikija, mimi ndiye niliyejua. Na neno langu la kazi, nililolitamka kuliko jina la mume wangu, lilikuwa hakuna.

"Dada, samahani, naomba su..."

"Hakuna."

Sikumngoja mtu amalize. Ungemngoja kila mmoja amalize, foleni ingefika ziwani. Tena si kwamba kila mara kitu kilikuwa hakipo. Kilikuwepo, ila kilikuwa cha wake za wakubwa, waliopitia mlango wa nyuma na kuniita shoga. Nikipita sokoni nilisalimiwa mpaka nikachoka kuitikia.

Halafu ukaja uhuru wa biashara. Vitu vikajaa mpaka barabarani, sabuni za kila rangi zikamwagwa chini kwenye maturubai, na duka letu likafungwa. Tukaambiwa tumepunguzwa. Wale wake za wakubwa wakaacha kunijua hapo hapo. Mtu uliyempa sukari wakati mji mzima unakunywa uji mkavu, anakupita njiani anatazama mawingu! Nilisonya mpaka midomo ikauma.

Nikapata kazi kwa mfanyabiashara mmoja mwenye duka la vitambaa katikati ya mji. Mwajiri wa namna ile sisi tulimwita tajiri, hata kama anavaa kandambili, na wa kwetu alivaa kandambili. Babu yake aliuza nguo Mwanza, baba yake aliuza nguo Mwanza, na Kisukuma alikisema vizuri kuliko mimi Mkerewe niliyekulia hapa hapa mjini. Kilichomnyima usingizi hakikuwa bidhaa, kilikuwa wafanyakazi. Huyu kaenda kulima bila kuaga. Huyu ana msiba kila mwezi, mpaka unajiuliza huo ukoo umebakiwa na nani. Yule kafundishwa kazi mpaka kaiva, jirani kamchukua.

"Vitambaa naletewa kwa treni," alikuwa akisema. "Watu nitawaagiza wapi?"

Mimi aliniamini, kwa sababu nilikuwa mtu mzima na nilikuwa na uzoefu. Siku moja aliniambia anatafuta chumba cha duka la pili huko Mkuyuni, na kwamba akihamia kule hili la mjini litahitaji msimamizi. "Jiandae," akasema.

Nikajiandaa, kwa nini nisijiandae? Nilimwambia mume wangu, fundi wa injini za boti, naye akaanza kuniita Bi Msimamizi hata mbele ya wageni. Nilimwambia wifi yangu, maana huyo ukimwambia yeye umeutangazia mji. Nilipimwa gauni kwa fundi cherehani aliyekaa kwenye baraza ya duka letu, mzee wa maneno mengi kuliko nyuzi zake. Na kila jioni tajiri alipofunga duka niliziangalia zile funguo. Alizifunga kwa kamba ya bluu, ile wanayoshonea nyavu, na aliyezishika ndiye aliyefungua asubuhi wenzake wote wakimngoja nje. Nilizitaka, jamani. Hata sasa nikizisema kiganja kinawasha.

Ndipo akaja yule.

Alikuwa akiuza mitumba minadani huko kwao, na tajiri alimwona huko akamleta. Mwembamba, ana mwanya, ana kicheko cha kuanzia tumboni. Asubuhi ya kwanza alinipigia goti kabisa. "Shikamoo dada." Nikaitikia marahaba kupitia puani. Nilimtazama kuanzia viatu kwenda juu, nikaona hakuna kitu. Hata "karibu" haikumtoka sawasawa, alisema "kalibu". Nikajiambia, huyu msimu wa kulima ukifika anarudi kwao.

Wapi! Msimu wa pamba ndio uliofika, na kinamama wa vijijini wakaja mjini kununua. Mimi nilisimama nyuma ya kaunta nilivyozoea, mikono juu ya meza, nikingoja mteja aseme anachotaka. Yeye alitoka nje ya kaunta. Alitoka! Mimi miaka yote ile kaunta ilikuwa ngome yangu, sikuwahi kuona mwuzaji akivuka upande wa wanunuzi. Akawa anawapokea mlangoni, "Mwangaluka, mayu," yaani umeamkaje mama, anawaulizia watoto, anawaulizia mvua, anamviringishia mama kitenge kiunoni huku anamzungusha kama bibi harusi. Wanacheka wote. Kisukuma mimi ninakisikia, ila nikikisema ulimi unateleza, kwa hiyo nilibaki nyuma ya meza yangu nikikunja vilivyokwisha kukunjwa.

Wakaanza kumletea zawadi. Karanga, maziwa ya mgando, michembe, vile viazi vitamu vilivyokatwa vikaanikwa, vya kunywea chai. Mtu anakuja na mfuko wa michembe kutoka Kisesa kumpa mwuza duka! Mimi enzi zangu nilipewa shukrani, lakini ya kificho, tena na watu waliokuwa na shida na kitu changu. Huyu alipewa bure, na watu wasiomhitaji. Halafu anaigawa ile michembe, anakuwekea wewe fungu kubwa. "Dada, kula." Nilikula. Ilikuwa mitamu, na kila nilivyotafuna nilizidi kukasirika.

Asipokuwepo waliuliza, "Yule binti wetu yuko wapi?" Nawaambia mimi nipo. Wanasema haya, watapita baadaye. Nyie!

Sasa siku yenyewe. Duka limejaa, tajiri amesimama karibu na mlango. Akaja bibi mmoja mpaka kwenye kaunta yangu, akaiegemea na kuanza, "Mwanangu, kuna kitenge chenye kuku na..."

"Hakuna."

Limenitoka. Sikumsikia hata anataka nini, bibi wa watu. Kinywa kilijibu chenyewe, kama kilivyojibu miaka na miaka. Kumbe kitenge chenye kuku na vifaranga kilikuwa kinaning'inia kwenye rafu juu ya kichwa changu, kimeshuka hadi kinanigusa kilemba. Mimi ndiye niliyekining'iniza asubuhi ile.

"Kipo, mayu!" akasema binti kutoka kule aliko. Akaja, akanyoosha mkono juu ya kichwa changu, akakishusha. Bibi akakipokea, akanitazama, akamtazama yeye, akasema neno kwa Kisukuma ambalo duka zima lililicheka isipokuwa mimi. Na tajiri alicheka. Hiyo ndiyo iliyoniuma.

Tangu siku hiyo rafu ile ikaitwa Hakuna. Fundi cherehani ndiye aliyelianzisha jina hilo, mjinga yule. "Nishushieni kile cha kijani, pale Hakuna." Ikazoeleka. Tajiri mwenyewe akawa anasema mzigo mpya upangwe Hakuna. Wateja wakaja wakaulizia Hakuna. Ilikuwa rafu iliyouza kuliko zote.

Chumba cha Mkuyuni kilipopatikana, tajiri alitukusanya asubuhi kabla ya kufungua. Gauni nilikuwa nimelivaa. Alizungumza habari za biashara kubadilika, za mteja kuwa na pa kwenda, mimi nikitikisa kichwa kukubaliana naye kwa kila neno. Kisha akatoa zile funguo mfukoni na kumkabidhi yule binti.

Nilipiga makofi. Ningefanyaje? Niliyapiga kwa nguvu kuliko wote. Nyumbani nilimtupia mume wangu maneno ya kila aina. Kitoto cha juzi! Kisichojua hata kusema karibu! Mume wangu akaniacha niishiwe pumzi, akauliza, "Lakini ameanza kukunyanyasa? Kuna ubaya amekufanyia?" Nilijua jibu lake.

Maana hilo ndilo lililonichosha zaidi. Angekuwa na maringo ningepumua. Ningesema, mnaona? Lakini asubuhi anafungua duka kwa funguo zangu, kamba ya bluu inamning'inia kiunoni, ananipigia goti. "Shikamoo dada." Ndipo anapoanza kazi ya kuniamuru, na anaamuru kwa kuomba: dada naomba leo tuvipange hivi, dada samahani ungesimama mlangoni na mimi. Bosi anayekuamkia shikamoo utamgombeza kwa lipi? Nilisimama mlangoni. Nikajifunza kusema "Mwangaluka, mayu," na kinamama wakanicheka, lakini walinicheka vizuri.

Mwaka haukwisha, ng'ambo ya barabara likafunguliwa duka jingine la vitambaa, la vioo mbele, na taa zinazowaka mchana. Mwenye duka hakuhangaika kufundisha watu. Alisubiri wa wenzake waive. Nilimwona mjumbe wake, kijana wa mashati ya kung'aa, akimnong'oneza binti pale karibu na cherehani, na moyo wangu ukapiga vigelegele. Nikasema Bwana asifiwe. Mchukueni! Mpeni taa, mpeni vioo, mpeni kila kitu, mniachie ile kamba.

Na yeye, kwa kuwa hakujua mimi ni nani, akaja kuniomba ushauri. Tulikuwa tunakunywa chai. "Dada, wananiita ng'ambo. Ungekuwa wewe?"

"Nenda, mdogo wangu," nikamwambia, sauti yangu imejaa asali. "Bahati haigongi hodi kila siku. Mimi nitakukumbuka, lakini nenda."

Machozi yakamlengalenga. Alisema hajawahi kupata dada mwenye moyo kama wangu. Nikamwongezea chai.

Tajiri alipata habari. Kesho yake asubuhi alitoka Mkuyuni akaja moja kwa moja, akamtuma binti stoo, akaketi juu ya robota la vitenge mbele yangu. Alionekana amechoka. Alisema ng'ambo wamemwahidi binti makubwa, na kumzuia itabidi amwongeze sana, na yeye amechoka kubembeleza watu ambao hawadumu. Nilikunja kitambaa taratibu. Nilijua saa yangu imefika. Mimi nilidumu. Sikuwahi kwenda kulima, sikuwahi kuwa na misiba ya uongo. Akaniangalia, akaanza hata kutabasamu, tabasamu ambalo sikuwa nimeliona tangu siku aliyoniambia nijiandae.

"Wewe mwenyewe niambie," akasema. "Akiondoka huyu, kuna mtu humu ndani wa kushika duka hili kama..."

"Hakuna."

Mungu wangu. Nililisikia likitoka. Niliona mpaka midomo yake imebaki wazi kwenye ile sentensi, na sentensi yenyewe mpaka leo sijui ilikuwa inakwenda wapi. Kama yeye? Kama siyo wewe? Nilitaka kulirudisha. Nilisema "Yaani...", nikakunja kitambaa mara nyingine.

Tajiri akasimama, akanishika bega. "Umesema kweli," akasema. "Mtu mwingine angejipigia debe." Akaenda stoo. Nilibaki na kitambaa mkononi, nimekikunja mpaka kimekuwa kidogo kama leso. Fundi cherehani alikuwa ameacha kukanyaga mashine yake barazani, ananiangalia dirishani.

Binti alibaki. Ng'ambo baadaye wakamchukua mtu wa duka jingine.

Asubuhi baada ya tajiri kuja, binti alinikuta nje ya mlango nikingoja kufunguliwa, kama kila siku. Alikuwa na mfuko mzima wa michembe. Akapiga goti chini kabisa, pale barabarani, watu wanapita.

"Shikamoo dada."

"Marahaba."

"Tajiri ameniambia ulivyonisemea. Kwamba humu ndani hakuna mwingine. Na juzi uliniambia niende, kumbe ulikuwa unanitakia heri huku na huku." Akafuta macho kwa ncha ya kanga. "Wabeja, asante sana dada. Sasa na wewe niambie. Kuna kitu chochote unachotaka nikakuombee kwa tajiri? Chochote."

Kilikuwepo. Kilikuwa kinaning'inia kiunoni mwake, kwenye kamba ya bluu, karibu kiniguse mkono.

"Hakuna," nikasema.

Akafungua mlango, tukaingia kazini.