Mteremko wa Kikula Baada ya Mabasi

Mji wa Likasi ulichorwa kwa ajili ya magurudumu. Nalisema hili kama mtu aliyefanya kazi katika ofisi ya mipango ya mji mpaka kustaafu, na asiyependa mambo yasimuliwe ovyo. Katikati waliwekwa wazungu, na barabara zao pana zenye miti. Sisi tuliwekwa pembeni, Kikula, na kati yetu ukaachwa ukanda mtupu wa nyasi ambao haukuruhusiwa kujengwa. Barabara iliyounganisha pande hizo haikupewa njia ya waendao kwa miguu. Ya nini, wakati mfanyakazi angechukuliwa na basi la kampuni ya madini asubuhi na kurudishwa jioni?

Katika miaka ya tisini mabasi yalikufa. Yalikosa vipuri, kisha mafuta, na mwishowe madereva wenyewe wakaacha kuja, maana hawakulipwa. Watu wakaanza kutembea, na miguu yao ikachora njia katikati ya ule ukanda: njia fupi, mbali na magari, bora kuliko yoyote iliyowahi kutoka mezani kwetu. Mke wangu, muuguzi katika hospitali ya mjini, alipita hapo kila asubuhi na wenzake, nami nikienda nao ofisini.

Ndipo mkubwa wetu mpya alipoanza kugawa viwanja ndani ya ukanda. Nilimkumbusha kwamba sheria inakataza. Alinicheka mbele ya makarani.

"Mzee, ule ukanda ni wa wakoloni. Weye ungali unawatumikia?"

"Nauliza watu watapita wapi."

"Barabara iko. Ao nayo ilikufa na mabasi?"

Ukuta wa kwanza uliipinda njia. Wa pili uliibana mpaka watu wakapita kwa ubavu. Kisha asubuhi moja tukakuta matofali mabichi mbele yetu, kutoka ukuta hadi ukuta, na mbwa akibweka upande wa pili. Tukageuka, tukaenda barabarani.

Barabara ile inashuka mteremko mrefu kuelekea mjini, na mafuta yalikuwa adimu. Kwa hiyo madereva walizima injini huko juu na kuliacha lori liteleze lenyewe hadi chini. Lori lililojaa makaa lilikuja bila mlio wowote, na breki zake zilikuwa mashaka matupu. Watembeao walijitungia desturi: walishuka kwa mstari mmoja, na aliye nyuma kabisa alitembea shingo imegeuka, tayari kupiga kelele. Kwa kuwa vijana waliogopa nafasi hiyo, mke wangu aliishika yeye, siku baada ya siku. Nilikuwa sipati usingizi kwa ajili ya shingo ile.

Siku moja nilimwondoa hapo.

"Leo nyuma nakaa mimi."

"Papa, macho yako ni ya karatasi," alisema, lakini akapita mbele.

Muuguzi mmoja akanitania kwa kazi yangu ya ofisini: "Papa wa biro, hii barabara mulichora ya bantu ba miguu ao ya motokari tu?"

"Sikuichora mimi."

"Lakini muliichunga!"

Walicheka wote. Nilipogeuza shingo, lori lilikuwa limekwisha kuufikia mti wa mwisho wa mteremko, hatua chache nyuma yetu, kubwa, kimya, dereva akizungusha usukani kwa mikono miwili.

"Inakuya!" nilipiga kelele.

Tulijitupa mferejini. Upepo wake ulitupiga, vumbi la makaa likatufunika, na lori likapita. Mke wangu aliwaita wenzake mmoja mmoja, na wote wakaitika. Sare yake ilikuwa tope mpaka kifuani.

"Turudi nyumbani," nilisema.

"Bagonjwa banangoya, Papa. Nani atabageuza kwenye kitanda?"

Wagonjwa walikuwa wanamngoja, na alikuwa tayari ameshika ukingo wa mfereji ili apande. Huko juu injini nyingine ilikuwa ikinguruma. Kisha ikazimwa. Nilimshika mkono, nikawaamuru wote wasitoke mferejini.