Siku Mbrazili Alipomwita Pasta Fala

Wacha niseme mwenyewe kabla hamjahadithiwa na watu wa Fridley, huku Minnesota: ndiyo, mimi ndiye niliyemleta yule Mbrazili aliyemwita Pasta fala kwenye spika za kanisa, mara mbili (nilihesabu, nikahesabu tena), kamera zikiwa zinarekodi.

Valdir, ndiye huyo Mbrazili, hakuwa mtu wa kuokota. Kwao alianza kwa kukunja nyaya studio, akapanda hadi kuprodyuza albamu za samba, kisha akageukia kupiga filamu za matamasha ya viwanja vizima, halafu akaoa nesi wa Minnesota na theluji ikamfundisha adabu. Alipokubali kurekodi DVD ya kwaya yetu, mimi mwenyekiti wa kamati nikafanya kazi niliyozaliwa nayo, nikambana bei hadi akatoa jasho katikati ya Januari. Bado alikuwa anang'ang'ania kukodi hedifoni za kuongea na wapiga kamera wake. Nikamwambia, "Bro, kanisa lina spika kubwa. Ongea na hizo, sisi ni familia."

Alinitazama kama daktari aliyeambiwa apasue kwa kijiko.

Siku ikafika, kanisa limejaa, kwaya iko ndani ya vitenge vipya. Mama Shiku, kiongozi wa kwaya, alikuwa amehangaika kubadilisha shifti kazini ili awepo, na akanionya mapema: "Huyu mtu wako akituharibia, uenyekiti utausikia kwa redio."

Pasta akashika maiki afungue kwa maombi. Valdir, huko nyuma kwenye mitambo, akataka kupima sauti, na Kireno kikamponyoka kwenye spika zote: "Fala, Pasta! Fala!"

Kwao hiyo ni "sema." Kwetu Wakenya, fala ni mjinga, tena yule wa kuonewa huruma.

Upande wetu Wakenya wakashika vichwa, hata watoto. Lakini Wakongo tunaoabudu nao hawalijui hilo neno, na Papa Bahati, shemasi wao, akadhani ndiyo haleluya ya Brazili, akainua mikono: "Fala! Amina!" Safu zake zote zikaitikia, "Fala!", wanawake vigelegele, Pasta kakodoa macho, na mimi nikakimbia kuchomoa spika, nikanaswa na waya, nikaingia kichwa kwanza kwenye ngoma.

Nikiwa bado humo ndani nikamsikia Mama Shiku: "Mwenyekiti mpya atafute mtu wa kumtoa wa zamani humo."

Nilimsihi Valdir akate kipande hicho. Akakataa. "Nimerekodi viwanja vizima," akasema, "sijapata hadhira kama ile." Ndicho kinachofungua DVD, na miguu yangu inaonekana vizuri sana.

Tangu hapo nikisikia fundi anataja hedifoni, nalipa bila kufungua mdomo. Na kila nikikutana na Pasta kule mall ya Roseville, hunipungia mkono kwa tabasamu: "Fala!"

Sijamuuliza ni kwa Kireno au ni kwa Kiswahili.